Siku Saba za Jogoo wa Sekela

Naandika haya kwa penseli ya misheni, nimekaa juu ya kinu kilichopinduliwa, na asiyeamini na ashuke mwenyewe aje aone. Nimechoka kuitwa mwongo na watu wanaovaa soksi ndefu.

Jina langu Tusajigwe. Sekela ni pacha wangu. Alinitangulia kuzaliwa kwa muda wa kuchemsha chai, na kwa sababu hiyo nimemwita dada maisha yangu yote. Bonde letu liko nyuma ya milima ya Mbeya: udongo mweusi, migomba, kaburi la baba. Kila baada ya miaka mingi ukungu mzito hushuka ukatulia humo kama maziwa bakulini, na ukungu ule hula muda. Una asubuhi zake na jioni zake, lakini siku moja ndani yake ni mwaka mzima kule juu. Bibi zetu walijua. Ukianza kushuka unatoa ng'ombe, unatoa watoto, unangoja ukingoni mpaka uondoke, hata ikiwa ni miaka.

Mwaka wa hamsini na moja ulipoanza kushuka, tukatoa ng'ombe kama desturi. Ndipo akaja Bwana Shauri, yule afisa wa serikali wa wilaya, na karatasi. Mzungu mmoja wa pareto alikuwa amelipenda bonde letu, na serikali imempa, kama mtu anayegawa chakula cha jirani. Sekela aliposikia tu kwamba gari liko njiani, akachukua jogoo, gunia la mahindi na kiberiti, akarudi chini. Tukamweleza Bwana Shauri habari ya ukungu. Akacheka, akasema huo ni ushirikina, na kwamba yeye hangoji mwanamke. Akashuka na karani wake Filemoni, kijana wa Kihehe kutoka Kalenga, ambaye Jumamosi ile alikuwa anaoa huko Ilula.

Walikaa chini saa moja. Filemoni ndiye aliyenisimulia. Alisoma karatasi: mkazi aondoke katika siku saba tangu kusomewa, la sivyo atatolewa kwa nguvu; na akishaondoka, ardhi ikabidhiwe mwenyewe mpya. Sekela alikuwa anapukuchua mahindi, wala hakusimama.

"Nimesikia, Bwana," alisema. "Siku saba. Mimi sina kalenda, nina jogoo. Akiwika mara ya saba nitapanda kwa miguu yangu."

Bwana Shauri akaridhika. Alidhani ameshinda.

Walipopanda, majani yalikuwa yameota kati ya magurudumu ya gari lao. Wiki mbili zilikuwa zimepita. Askari walikwisha kupeleka habari kwamba bwana amepotea, mtu mwingine amekalia kiti chake, na kule Ilula kwaya ilikuja, ikala, ikaenda zake. Filemoni alikaa chini akalia bila aibu. Nilimpa togwa, nikamwonea huruma, lakini sitasema uongo, moyoni nilicheka. Mchumba wake, Paskalina, alimkubali baadaye, baada ya kumfanya aeleze mkasa huo mara tatu mbele ya wazazi.

Tangu hapo hakuna askari aliyekubali kushuka. Kumtoa mtu kwa nguvu kunachukua muda, na nani amwache mke wake miezi miwili kwa ajili ya pareto ya mtu? Mzungu alileta vibarua wa kupigilia vigingi. Wake zao wakaja na watoto mgongoni, wakamzingira mpaka akawarudisha wote makwao.

Mimi na Sekela tulikuwa tumepatana. Kila asubuhi yake atawasha moto wa majani mabichi, nijue yu hai. Moshi wa kwanza ulitokeza juu ya ukungu baada ya mavuno, ukasimama mwezi mzima bila kutikisika, kama nguzo ya nyumba. Kisha ukapotea, nikangoja mwaka. Hivyo ndivyo nilivyoishi. Nililima ukingoni, nikamuuguza mama, na kila mwaka wakati ule ule nikatazama chini.

Moshi wa tano ulichelewa. Mwezi ukapita, na wa pili, na wa tatu. Majirani wakaanza kuniambia tuweke matanga. Mama alikuwa amelala kitandani, akaniita, akanishika kwa nguvu ambayo sikujua bado anayo.

"Hata kama amekufa," alisema, "msihame."

Alifariki wiki ile. Siku tisa baada ya kumzika, moshi ulipanda.

Jogoo alipowika mara ya saba Sekela alitoka, mwaka wa hamsini na nane, na gauni lile lile, jogoo kwapani. Uso wake ulikuwa uso wangu wa zamani. Mimi nilikuwa na mvi, na meno mawili yamekwenda. Alinitazama kwanza kama anayemtafuta mtu nyuma yangu. Kisha akaniuliza mama yuko wapi.

Nilimwambia. Alilia sana, na katikati ya kilio akasema kwamba asubuhi ya siku ya tano alipitiwa na usingizi, kidogo tu, jua la kule likampita. Nilitaka kumpiga. Miezi mitatu ya roho yangu, na macho ya mama yaliyofumbwa bila kujua, yote yalikuwa usingizi wa asubuhi. Nikamkumbatia kwa nguvu mpaka jogoo akapiga kelele katikati yetu.

Mzungu wa pareto alikuwa ameuza trekta na kuondoka zamani. Tukadhani yamekwisha. Lakini kabla hata nguo za Sekela hazijakauka ukungu, akaja Bwana Shauri mpya na karatasi mpya, kwa ajili ya mzungu mpya. Siku saba. Ukungu ulikuwa bado umelala bondeni. Sekela akainuka akamchukua jogoo, nami nikampokonya.

"Keti, dada," nilimwambia. "Wewe umekula wiki, mimi nimekula miaka saba. Safari hii zeeka wewe, tukutane tulipoanzia."

Alikataa. Sikumsikiliza. Nilisomewa karatasi nikiwa tayari nimesimama ndani ya ukungu mpaka kiunoni, na huyu Bwana Shauri alikuwa na akili, alisoma kutoka mbali.

Leo jogoo amewika mara ya tatu. Moto nimeuwasha mapema, maana mimi silali. Juu ukingoni dada yangu anaota mvi, na moshi huu anauona. Hivi punde nimesikia mvumo ukishuka kutoka juu, mfupi, kama nyuki wakipita. Nadhani zilikuwa ngoma na kengele na watu wengi wakiimba, usiku wao mzima ukinipita kwa dakika mbili. Sijui wanashangilia nini. Jogoo bado ana siku nne, na mimi sihami.