Tuwapishe Wageni

Baba yangu alikuwa fundi makochi, na mimi na kaka yangu tumekulia ndani ya sponji. Usicheke. Mtoto mchanga alazwe wapi, na mama yake anashona vitambaa vya viti tangu asubuhi? Nyumba yetu ya kweli ilikuwa ile karakana: chumba kimoja kirefu, dirisha la barabarani, harufu ya gundi, na baba kabana misumari midomoni akiongea hivyo hivyo, na sisi tunamwelewa. Mimi aliniita Kasuku, na sababu unaisikia mwenyewe.

Kwetu tulikuwa na elimu yetu, tukiiita Ugeni. Baba aliipata kwa shangazi yake, na shangazi kwa waliomtangulia. Inasema kukumbuka si kuokota kilichobaki. Kukumbuka ni kwenda. Akili inaondoka, inafika kule kule, inakaa, inarudi. Kwa hiyo ukiwa na siku njema, ujue hamko peke yenu chumbani. Nyinyi wenyewe mliozeeka mmeshafika, mmesimama pembeni mnatazama. Na mgeni hukaribishwa. Basi baba, kazi ikinoga, alitema misumari mkononi, akafungua dirisha, akasema, "Karibuni mnaotoka mbele." Tunanyamaza kidogo, kisha nyundo inaendelea. Siku asiyokaribishwa mtu, mlango wake umefungwa. Habari zake utazijua, lakini kuingia huingii.

Wateja walituona tumerukwa na akili. Baba akawajibu, "Mgeni njoo, mwenyeji apone. Mnadhani waliosema hivyo walikuwa wanamzungumzia shemeji?" Mama alicheka mpaka cherehani ikasimama. Jamani, kicheko cha yule mama! Leo nikiambiwa nichague kitu kimoja nirudishiwe, sitaulizwa mara mbili.

Miaka ikapita, mama akatutoka, mikono ya baba ikaanza kutetemeka, karakana ikabidi iachwe. Hapo Ugeni una sharti lake: chumba kikiachwa, wote walio hai waliokifanyia kazi husimama ndani wakakaribisha kwa mara ya mwisho, ili kibaki wazi. Akikosekana mmoja, basi tena. Baba alilitaka jambo hilo kuliko chakula. Siku ya kuhama ikafika. Adhuhuri mpangaji mpya alikuwa aje kupokea ufunguo, na fundi rangi wake alishakaa mlangoni na ndoo zake. Kaka yangu, tuliyemwita Msumari kwa ukaidi wake, hakutokea. Na mwenyewe ni kinyozi, kibanda chake kiko ng'ambo tu ya barabara! Tunamwona dirishani, ananyoa.

Nikavuka. "Wewe, huna haya? Mzee amesimama kule tangu asubuhi."

"Nina mteja."

"Mteja nitamnyoa mimi!"

Mteja akashika kichwa chake, nusu kimenyolewa, nusu bado. "Dada yangu, tafadhali."

Msumari akazima mashine. "Mlango gani anaotaka kuuacha wazi? Siku ya mwisho ya mama mle ndani, alimkaribisha nani? Wewe ulikwenda kupeleka viti, mimi nilikuwepo. Alifunga dirisha kabisa. Sasa nikitaka kwenda kumwona mama mara ile ya mwisho, naishia nje. Mwambie akakaribishe peke yake."

Kumbe mwenzangu alikuwa amebeba hilo miaka yote, na mimi namwita mkaidi! Iliniuma.

"Kamwambie mwenyewe," nikasema, nikamvuta mkono. Akaja kwa hasira, na mteja nyuma yetu, shuka la kinyozi shingoni.

Alimwambia baba yote, ana kwa ana. Baba akamsikiliza hadi mwisho.

"Ni kweli nilifunga," akasema. "Mama yenu ndiye aliyeniomba. Maumivu yalikuwa yamemzidi, hata uzi hakuweza kuutunga kwenye sindano. Akaniambia, 'Leo usimkaribishe mtu. Wanangu wakija siku zao wanikute nacheka, siyo hivi.' Unadhani mimi sitaki kuingia siku ile? Ndiyo niliyokaa naye humu mara ya mwisho. Na mimi niko nje, mwanangu, kama wewe."

"Mbona hukusema, baba?"

"Ningekuhadithia, ingekuwa kama nimekufungulia mlango aliotaka ufungwe. Na leo nimeropoka, mama yenu anisamehe."

Msumari akakaa sakafuni, mtu mzima na ndevu zake, akalia. Baba akajishusha karibu naye kwa shida, akavuta pembe ya lile shuka la mteja, akamfuta uso. Nywele za mtu zikamganda kaka shavuni. Tukacheka bila kupenda, mteja naye akacheka, na kilio bado kinaendelea.

Kisha tukamwinua baba. Akafungua dirisha. "Karibuni mnaotoka mbele."

Tukanyamaza. Hata fundi rangi alinyamaza. Baba akakizungusha macho kile chumba kitupu, ukuta hadi ukuta.

"Lo! Mmekuja wengi," akasema. Akatugeukia. "Haya, wanangu, tutoke. Tuwapishe wageni."

"Wageni wepi, mzee?" fundi rangi akauliza.

Tulitangulia mimi na Msumari, baba akafuata. Kizingitini akageuka, akatazama pembe ya mama ya kushonea, ambapo hapakuwa na mtu wala kitu. Akatabasamu.

"Kasuku," akasema polepole, "usikae sana, mwanangu. Una kazi."

Nikaitika kutoka barabarani, "Niko huku, baba!" Hakunitazama. Nikamwambia Msumari, mzee sasa anazeeka kweli.

Baba hayupo tena. Siku zikinielemea huwa nakwenda, nasimama pale kwenye pembe ya mama, na kila nikifika, yeye ndiyo kwanza anageuka mlangoni. Ananitazama mimi, ananiambia lile neno lake, kisha anatoka.

Sikai sana.