Kilichomuua Hilda Cobbold

Siku tatu kabla ya Bi Muriel Tapsell kuhamishiwa makao ya wazee, Serah Nduku alikuta kopo la biskuti nyuma ya kabati. Miaka minne alikuwa akimtunza bibi huyo katika nyumba ile ile ya Walthamstow, London, alimozaliwa bibi mwenyewe. Alimwita Mwalimu, kwa kuwa aliwahi kufundisha Machakos miaka kumi na miwili, na Kiswahili chake hakikumtoka. Wana wa Serah ukiwasemesha Kiswahili walijibu Kiingereza. Mzungu huyu wa miaka tisini na minne alijibu Kiswahili.

"Kopo gani hilo?" Mwalimu aliuliza. Macho yalishakufa, masikio bado.

"Limeandikwa Hilda. Lina makaratasi."

"Ni la mama yangu. Bila shaka baba ndiye aliyelificha. Nisomee, halafu ulitupe."

Katika miaka yote minne Mwalimu alimtaja mama yake mara moja tu, siku ya homa kali: kwamba alijitupa mtoni, akamwacha na miaka minne. Ndivyo baba alivyomwambia. Mwalimu hakuolewa wala hakuzaa, na picha ya mama yake haikuwemo nyumbani.

Ndani ya kopo mlikuwa na vipande vilivyokatwa magazetini, vimegeuka rangi ya chai. Serah akavuta kiti, akasoma.

Hilda Cobbold alikuwa binti wa mchochea tanuri la kupasha maji ya bwawa la kuogelea la mtaa. Wanawake walipewa siku ya mwisho ya wiki, maji yakiwa yameshachafuka, kabla hayajabadilishwa. Humo ndimo alimojifunza. Akiwa na miaka kumi na sita aliwashinda wanawake wote wa London yadi mia moja. Mwaka 1912 alipelekwa ng'ambo kwa meli kushindana na mataifa. Akawa wa nne, akikosa medali kwa urefu wa mkono. Gazeti lilisema bado ni msichana, zamu yake itafika.

"Wa nne duniani!" Serah alisema. "Mwalimu, hukuniambia."

"Sikujua."

Zamu yake haikufika. Vita vilikuja, Hilda akaajiriwa kiwandani kujaza makombora baruti. Kwa sumu ya baruti ngozi ikawa manjano, mapafu yakaungua. Mwaka 1920 alirudi mashindanoni mara moja. Katikati ya bwawa akashindwa kupumua, wakamtoa kwa kamba mbele ya watu. Daktari akampiga marufuku kuogelea. Akaolewa na karani, Bwana Tapsell.

Kikabaki kipande kimoja, cha Machi 1934. Serah alikipitishia macho kimyakimya.

"Umenyamaza," Mwalimu alisema.

"Hiki ni tangazo la duka tu."

"Serah. Nimefundisha miaka thelathini. Mtoto akiruka mstari ninajua."

Serah alifikiria kuitia ile karatasi mfukoni. Lakini alikuwa amelelewa asimdanganye mtu mzima, tena mtu mzima asiyeona. Akasoma.

Bibi Hilda Tapsell, aliyekuwa bingwa wa kuogelea, alikufa maji katika Mto Lea Jumapili alasiri. Bintiye wa miaka minne aliteleza ukingoni. Mama, ambaye mapafu yake yalikuwa mabovu, alijitosa na koti lake, akamfikia mtoto, akamsukuma hadi kwa mwenye mashua. Yeye mwenyewe hakuibuka. Mumewe alieleza mbele ya hakimu kwamba yeye ndiye aliyekuwa ameuachia mkono wa mtoto ili awashe kiko.

Saa ya ukutani ilikuwa imeshafungwa kwenye sanduku.

"Mtoto huyo ni mimi," Mwalimu alisema.

"Ndiyo, Mwalimu."

"Nimemchukia miaka tisini." Vidole vilipapasa blanketi. "Baba alinificha ukweli ili nisijilaumu, au asijilaumu yeye?"

"Sijui, Mwalimu."

"Hata mimi sitajua tena. Mama amezikwa makaburi ya Queen's Road, hapa hapa. Nipeleke."

Serah aliahidi Jumamosi. Alhamisi gari la makao likaja. Ijumaa Mwalimu akapata nimonia, na Jumamosi hakuweza hata kuinuliwa. Serah alipoenda kumtazama alimkuta akihema kwa shida, akiuliza kwa Kiingereza kama maji ni baridi. Kiswahili kilikuwa kimemwacha. Siku ya tisa tangu ahamishwe akafa. Mazishini walikuwa watu watatu, pamoja na dereva.

"Ungesema ni tangazo, ukashikilia hapo hapo," Titus, mume wa Serah, alimwambia. "Ungemwachia afe kwa amani."

"Amani gani hiyo?" Serah alijibu, lakini usingizi haukumjia wiki nzima.

Jumanne iliyofuata alienda Queen's Road. Karani wa makaburi alimpa namba ya kaburi. Hapakuwa na jiwe, ila miiba iliyofika kiunoni na bati dogo lenye kutu. Serah aliing'oa kwa mikono hadi ikamchana. Kisha akasimama, hajui aseme lugha gani, akasema ile aliyokuwa nayo na Mwalimu, Kiswahili.

"Mama Hilda, mtoto uliyemtoa majini aliishi miaka tisini na minne. Alifundisha watoto wengi. Kuhusu wewe alichelewa kuambiwa. Niliyemwambia ni mimi."

Akajifuta damu kwa kitambaa, akatoka langoni kwenda kungoja basi. Zamu yake ya kumtunza mzee mwingine, mtaa wa Leyton, ilianza saa nane.