Mkono Tena

Fundi makochi alikuwa mtu wa maneno machache, na hayo machache aliyakata kama anavyokata kitambaa, bila kuacha hata upindo. Ukimuuliza kochi litakuwa tayari lini, atakwambia "Ijumaa," basi, ugeuke uende zako. Mkewe alishazoea. Mtoto wa mkewe, msichana wa darasa la pili aliyebandikwa jina la Chupuchupu kwa sababu kila siku alinusurika na jambo jipya, alizoea pia, na maneno yote ambayo Fundi hakuyasema aliyasema yeye.

Siku ambayo Chupuchupu hakunusurika, alianguka na baiskeli kwenye kokoto mbele ya karakana. Alichubuka sehemu ile kati ya kiwiko na kiganja, ambayo daktari wa kituo cha afya aliiita kigasha na Fundi akaendelea kuiita mkono. Mfupa ulikuwa mzima. Kidonda kikaoshwa, kikafungwa bandeji, wakaambiwa warudi ibadilishwe. Mama mtu alikuwa na zamu kiwandani, kwa hiyo aliyempeleka kila mara ni Fundi. Kila mara walianzia dirishani kwa karani, ambaye alikuwa mgeni kazini na hakuinua macho kutoka kwenye kompyuta. Mara ya kwanza aliuliza tatizo ni nini, Fundi akajibu, "Mkono." Mara ya pili akajibu, "Mkono tena." Mara ya tatu akajibu hivyohivyo, maana Fundi akiweza kumaliza jambo kwa maneno mawili, la tatu halitoi.

Halafu ikaja simu. Afisa ustawi wa jamii wa kituo hichohicho, mwanamke mwenye sauti ya upole, alimwomba mama mtu afike kesho yake pamoja na mumewe na mtoto. Alisema kompyuta inaonyesha mtoto ameumia mara tatu ndani ya muda mfupi, mkono uleule, na kila mara aliyemleta ni baba wa kambo. Hakumtuhumu mtu. Alisema tu kwamba ikibidi, mtoto atakaa kwa ndugu mpaka mambo yaeleweke.

Mkewe alikata simu akamtazama. Mtazamo ule ndio uliommaliza Fundi. Haukuwa wa hasira. Ulikuwa wa mtu anayezipitia moja moja siku zote alizokuwa kazini.

"Kuna kitu sikijui?" aliuliza.

"Hakuna," Fundi alisema.

Kwa mara ya kwanza maishani aliona jibu lake ni fupi mno. Mkewe aliitikia kwa kichwa, lakini akamhamishia mtoto kitandani kwake. Fundi akaenda kulala karakana kwenye kochi la mteja, kochi zuri lenye sponji mpya, na hakupata hata lepe la usingizi.

Asubuhi walikwenda kwa miguu. Barabara iliyo mbele ya kituo ina njia mbili, na katikati kuna mahali padogo pa kusimama kusubiri magari. Mama mtu alitangulia kuvuka ili awahi foleni. Kumvusha Chupuchupu ilikuwa kazi ya Fundi siku zote, ila siku hiyo alitia mikono mifukoni. Aliogopa kumshika mtoto mbele za watu. Aliogopa hata abiria wa magari yaliyokuwa yakipita. Chupuchupu alinyoosha mkono, akangoja, akaona haupokelewi, akashika shati.

Afisa alimwingiza mtoto ofisini peke yake, akaurudishia mlango bila kuufunga. Fundi na mkewe walikaa kwenye benchi la korido, chini ya bango la kunawa mikono, wakisikia kila neno. Afisa aliuliza habari za shule, akauliza habari za baiskeli, kisha akauliza kama kuna mtu huwa anamshika mkono ule unaouma.

"Fundi," alisema Chupuchupu.

Afisa akauliza kama anamshika kwa nguvu.

"Kwa nguvu sana."

Fundi aliinuka nusu, akaketi tena. Pembeni yake mkewe aliukumbatia mkoba. Ndani, sauti ileile ya upole iliuliza kama Chupuchupu alilia, na Chupuchupu akakiri kwamba alilia, lakini kidogo.

"Aliyelia sana ni yeye," akaendelea. "Nesi akibandua bandeji, Fundi ananishika nisikimbie, halafu anafumba macho, halafu anatoa machozi. Nesi akampa kiti. Mimi hakunipa."

Kwenye benchi, mkewe alifunika mdomo kwa mkoba, mabega yakaanza kumtikisika, na Fundi alichukua muda kuelewa kwamba ni kicheko.

"Hukuniambia kwamba ulilia," alimnong'oneza.

"Hukuuliza."

Afisa alitoka amekaza uso. Alimuuliza Fundi mtoto ameanguka mara ngapi, akajibiwa mara moja. Akauliza, na zile mbili nyingine je? Kubadilisha bandeji. Afisa alimtazama, akaitazama karatasi yake, akasema waende wote dirishani.

Karani alifungua taarifa za Chupuchupu. Alieleza kwamba kila jeraha lina msimbo wake, na mwishoni mwa msimbo kuna herufi inayosema mgonjwa amekuja kufanya nini. A ni jeraha jipya ndio linaanza kutibiwa. D ni jeraha lililokwisha kutibiwa, mgonjwa amerudi tu kuangaliwa anavyopona. Chupuchupu alikuwa na A tatu, utadhani ndiye mwanafunzi bora wa shule nzima.

"Mbona zote A?" afisa aliuliza.

Karani aliinua macho kwa mara ya kwanza, akamwona Fundi na bandeji ya mtoto, uso ukambadilika. "Alisema mkono tena," alisema. "Nikajua ameumia tena."

Fundi aliegemea ukuta. Alicheka na machozi juu, na watu wa kwenye foleni wakasogea kidogo kumpisha. Furaha aliyoisikia ilikuwa kubwa kuliko siku ya harusi yake, na mkewe naomba asisome hapa. Karani alifuta A mbili akaandika D mbili, na balaa lote likaishia hapo. Aliomba radhi mpaka ikawa kero. Afisa naye aliomba radhi, lakini akaongeza kwamba akiona tena A tatu kwa mtoto yeyote, atapiga simu vilevile. Fundi akamwambia apige tu, na alisema kwa moyo mmoja.

Kwa kuwa walikuwa wamefika, wakaona mtoto amalizie na kwa nesi. Karani aliweka vidole tayari, akauliza leo tatizo ni nini. Fundi akafungua mdomo, mkewe akauziba kwa kiganja.

"Amerudi kuangaliwa," mkewe alisema, taratibu, kama mwalimu anayesomea darasa imla.

Nesi alimwona Fundi mlangoni akavuta kiti kabla ya kugusa bandeji. Safari hii hakikuhitajika. Chini ya bandeji palikuwa na ngozi mpya, laini, yenye wekundu kidogo, na nesi akasema hakuna haja ya kufunga tena.

Nje, mkewe alisimama. "Nilikutazama vibaya jana," alisema.

"Iliniuma," Fundi alisema. "Lakini ni mwanao. Ningekuwa wewe, ningetazama hivyohivyo."

Mkewe alisema tangu wafunge ndoa hajasikia hotuba ndefu kama ile, akamshika bega, akatangulia kuvuka kwa sababu zamu ilikuwa inamsubiri.

Fundi alibaki ukingoni mwa barabara na Chupuchupu. Mikono yake, kwa woga wa asubuhi, ilikuwa imekwisha kuingia mifukoni. Chupuchupu aliuchomoa mmoja.

"Mkono," alisema.

Wakavuka njia ya kwanza. Walipofika katikati Fundi aliuachia kidogo, akatoa kitambaa, akapangusa macho, akasema ni vumbi. Magari yalipungua. Chupuchupu hakusogea. Aliinua ule mkono wenye ngozi mpya, akamsogezea.

"Mkono tena," alisema.