Lozi Katikati ya Biskuti

Miradie alibonyeza nusu ya lozi katikati ya kila biskuti, akazipaka kiini cha yai, akasukuma trei ndani ya oveni. Ilikuwa Jumamosi alasiri, Tottenham, London, ghorofa ya nne ya nyumba za kaunsili ya jiji. Biskuti hizi za Kiholanzi alifundishwa na baba yake, Gervais, aliyefundishwa na jirani yao wa Rotterdam.

Familia ilipohamia London, Gervais alibaki kule. Pasipoti yake alimwazima mdogo wake, Luc, asiyekuwa na karatasi, avuke nayo kisha airudishe kwa posta. Huu ulikuwa mwaka wa tatu. Gervais angesema imepotea, Luc angekamatwa. Kwa hiyo hakusema.

Miradie alipofungua oveni, lozi zilikuwa zimegeuka macho. Yalikuwa macho ya baba yake, yenye wekundu pembeni kwa kukosa usingizi. Yalipepesa kwa sababu ya joto.

"Zimeiva?" mama yake, Célestine, aliuliza kutoka sebuleni.

"Zimeiva, Mama. Zinatazama."

"Acha zipoe kwanza. Baba yako hapendi moshi."

Luc alipitia hapo akienda kazini, kusafisha ofisi. Kifuani mwa sare yake palikuwa pameandikwa Gervais. Sahani ilipowekwa mezani, macho yote yalimgeukia.

"Shemeji, chai iko na sukari?" Luc alimuuliza Célestine.

"Iko. Na ile pasipoti?"

"Wiki ijayo, shemeji. Bosi akiiuliza nitaonyesha nini?" Luc alizipindua biskuti zote kifudifudi, akaanza kula. "Eh, Miradie! Mkono wako mutamu kuliko wa baba yako. Utaolewa mbio, weye!"

Miradie alikuwa na maneno aliyoyatayarisha wiki nzima. Akamwongezea chai.

Luc alipotoka tu, simu ililia.

"Nilimuona Luc," Gervais alisema. "Amenenepa."

"Ndiyo, Baba."

"Pasipoti iko mufuko wa ndani, upande wa kushoto. Halafu ikawa giza."

"Ndiyo, Baba."

"Na mama yako amekata nywele. Mbona hakuna aliyeniambia?"

Miradie aliitazama sahani.

"Kama imebaki moja, iweke dirishani. Hiyo barabara sijaiona."

Ilibaki moja. Miradie aliigeuza, akaiegemeza kwenye kioo. Chini, Luc alikuwa kituoni, mikono mfukoni. Jicho lilimtazama mpaka basi likaja likamchukua, kisha likaendelea kukitazama kituo.

Célestine alisema Jumamosi ijayo wanunue lozi kubwa zaidi.