Nguzo za Bondeni

Hakuwa na studio. Hakuwa na mwalimu, wala meza ya kuchorea, wala brashi hata moja iliyonunuliwa kwa ajili ya sanaa. Shule aliiacha kabla haijamzoea. Alichokuwa nacho Fundi Rangi, kama mtaa mzima ulivyomwita, ni mkono uliokomaa kwa kuandika mabango ya maduka, na Jumapili zake, ambazo alizimaliza kwa dada yake shambani, akilichora bonde.

Alichora sakafuni, amepiga magoti, kwa rangi zilizobaki kwenye makopo ya kazi. Alianzia juu kushoto akamalizia chini kulia, kama anayeandika. Kwa kuwa rangi zilikuwa mabaki ya kazi, majani yake yalikuwa na kijani kile kile cha mageti aliyopaka mtaani. Lakini mtu yeyote wa bonde lile angekuonyesha pichani mlango wa nyumba yake.

Sasa jumba la maonyesho la mjini lilikuwa limeichagua picha yake kubwa, jambo aliloliota tangu ujana. Barua yao ilimpongeza kwa maneno matamu, kisha ikaweka sharti: afute nguzo za umeme, ili bonde lionekane la asili. La sivyo, nafasi angepewa mwingine.

"Zifute tu, baba watoto," mkewe alisema, akipepeta mchele mlangoni. "Nani atauliza nguzo?"

"Dada atauliza."

"Dada yako tangu lini anaenda kwenye maonyesho?"

Fundi alifungua kopo. Alikoroga kijani, akapiga magoti, akaifunika nguzo ya kwanza. Brashi ilikuwa bado mkononi dada mtu alipoingia, ametoka sokoni, vumbi hadi kwenye nyusi. Aliinama juu ya picha.

"Ng'ombe wangu umemnenepesha. Asante." Kidole chake kilifuata nguzo moja baada ya nyingine, kikakwama. "Ile ya jirani na kwangu iko wapi, kaka?"

"Nimeifuta. Wanataka bonde la asili."

"Asili ya kupapasana gizani?" Alikunjua kiganja chake chenye kovu. "Mkandarasi alisema mwamba umemshinda. Shimo la nguzo ile tulilichimba sisi wanawake, na sururu ikanichana hapa. Taa ilipowaka, nikamwona shemeji yako vizuri kwa mara ya kwanza. Nikajuta."

Mkewe alicheka mpaka mchele ukamwagika.

Fundi hakucheka. Alilowesha kitambaa kwa mafuta ya taa, akapangusa kijani kabla hakijakauka. Nguzo ikarudi, nyeusi, imesimama wima.

"Na wakiikataa?" mkewe aliuliza, sasa kwa upole.

"Itakaa sebuleni, na sebule itakuwa na heshima zake."

Akaandika jibu kwa herufi zake za mabango, kubwa na zilizonyooka, akawasomea: "Nguzo zinabaki. Watu wa bonde walizisimamisha kwa mikono yao, nami nimewachora pamoja na kazi yao. Mkiitaka hivyo, nitaileta mwenyewe. Msipoitaka, nawashukuru kwa kuitazama."

"Soma tena hapo kwenye mikono," dada alisema.

Akasoma tena. Dada alilamba gundi ya bahasha, akaibana kwa kile kiganja chenye kovu. Kisha wakaongozana watatu hadi posta, Fundi akitembea katikati kama bwana harusi, akaitumbukiza sandukuni.