Bahasha Iliyoshonwa kwa Uzi Mwekundu

Siku Mama Pasi alipoishona bahasha, mdogo wake alicheka hadi akashika mbavu. "Dada, hata barua unaipiga pindo?"

Angefanyaje, na gundi ilikuwa imekauka? Kwa miaka kumi na tisa alikuwa akinyoosha mashuka ya hospitali ya umma, na mkobani hakukosa sindano na ule uzi mgumu mwekundu wa kushonea mifuko ya nguo za wodi ya maambukizi. Akaipiga bahasha mishono kumi na mmoja, akaipeleka masjala, ikagongwa muhuri.

Ndani alikuwa ameeleza kwa nini amegoma kutumia mashine ya kunyooshea: kinga yake imevunjika, na imeshamuunguza mwenzake mkono. Jibu lilikuja baada ya siku tatu. Kamati ya malalamiko imeisoma barua yake kwa makini na kuona haina msingi. Kuanzia Jumatatu atafagia ghala la vitanda vibovu. Miezi minane alifagia, roho inamuuma, kwa maana alijua anapakwa mafuta kwa mgongo wa chupa. Mwishowe akaenda mahakamani, bila wakili, kuomba uamuzi ule uangaliwe upya.

"Jikaze kisabuni, dada," mdogo wake alimnong'oneza asubuhi ya kesi. Dobi kuambiwa hivyo! Nusura aangue kicheko mbele ya jaji.

Wakili wa hospitali akasimama. Mama Pasi aliitazama suruali yake, akaona mistari miwili ya pasi kwenye mguu mmoja, akapata nguvu kidogo.

"Mheshimiwa Jaji, kamati iliisoma barua hiyo neno kwa neno. Katibu wa hospitali, aliyekuwa mwenyekiti wake, yupo hapa."

Katibu akaitikia kwa kichwa, ametulia kama mtu anayesubiri chai.

Jaji alikuwa mama wa makamo, miwani kwenye ncha ya pua. "Mimi sikuja kutengeneza mashine," alisema. "Nataka kujua kama mlimsikiliza huyu mama. Lileteni jalada lenyewe. Karani wangu atafuatana nanyi, sasa hivi."

Hospitali ilikuwa ng'ambo ya barabara tu. Haikupita nusu saa, jalada likawa mezani. Jaji akafunua karatasi ya kwanza, akafunua ya pili, kisha mkono wake ukasita. Akainua bahasha juu, watu wote waione.

Uzi mwekundu! Mama Pasi aliihesabu mishono kutoka pale alipoketi: kumi na mmoja, hakuna hata mmoja uliolegea. Mdogo wake alimfinya paja kwa nguvu, naye hakusikia maumivu yoyote.

"Bwana Katibu," jaji akauliza, "mliisomaje?"

Wakili akaruka. "Mheshimiwa, tunaweza kuifungua hapa hapa..."

"Sikuandikiwa mimi."

Jaji akaufuta uamuzi wa kamati. Mama Pasi arudi chumba chake cha pasi kesho yake, mashine isiwashwe, na kamati ikutane ndani ya siku kumi na nne, imsikilize yeye mwenyewe akiwepo, chini ya mwenyekiti mwingine. "Na Bwana Katibu ndiye atakayeisoma barua kwa sauti," akaongeza, "maana anaijua neno kwa neno."

Mdogo wake alipiga kigelegele humo humo ndani. Askari wa mahakama akajifanya kiziwi.

Siku ya kumi kamati ikakaa. Katibu aliuvuta uzi kwa kucha, haukukatika. Akajaribu kwa meno, meza nzima ikimtazama. Mama Pasi akatoa mkasi mdogo mfukoni mwa aproni, akamsogezea.

"Taratibu, baba, usije ukanichania. Nimengoja miezi minane uisome."

Katibu akakata mshono mmoja mmoja, akakunjua karatasi, akaanza kusoma. Alipofika kwenye jina la yule aliyeungua mkono, sauti yake ikafifia.

"Hapo sijasikia," alisema Mama Pasi, macho yakimwagika machozi ya furaha. "Hebu rudia."

Akarudia.