Wazee Waliokwenda Columbus

Ngarambe hakuujua mchezo wa besiboli, na mpaka leo anaujua nusu. Alichokijua ni mahali pa mwanawe. Wachezaji watatu husimama nyuma kabisa, mbali na wenzao, wakiungoja mpira uliopigwa juu, na yule wa upande wa kulia, ambaye lazima awe na mkono wa nguvu kuliko wote, alikuwa Ntwari. Hilo lilimtosha. Akiingia uwanjani Louisville hakuhangaika kutazama mrushaji wala mpigaji. Aliketi kule nyuma, ambako tiketi ni rahisi, akamtazama kijana wake amesimama peke yake kwenye majani kama mchungaji aliyeachiwa kundi.

Familia hiyo ilifika Louisville mwaka 2000 ikitokea kambini Benin, na kabla ya kambi, milima ya Mulenge, Kongo. Ngarambe alipata kazi katika ghala la vifurushi. Mkewe, Shami, akawa anawaogesha na kuwalisha wazee wa watu wengine. Mtoto akapewa glavu na mwalimu wa michezo shuleni, na miaka ikaenda. Siku timu moja ya ligi kuu ilipomsajili na kumtuma akajifunze katika timu zake za chini, kanisa zima lilisimama likaimba, ingawa hakuna aliyeweza kumweleza jirani yake hiyo ilikuwa kazi ya namna gani. Mwaka 2014 akafikishwa kwenye timu ya Louisville, mjini kwao, ngazi moja tu chini ya ligi kuu.

Ngazi hiyo moja ndiyo iliyokuwa habari yote. Ntwari alimweleza mama yake jikoni, naye Ngarambe akisikiliza kutoka sebuleni. Mtu akiitwa juu, hata kwa siku moja, hata akisimama uwanjani dakika chache tu, jina lake huandikwa miongoni mwa waliocheza ligi kuu na hakuna awezaye kulifuta. Anayebaki chini, hata acheze mpaka mvi zimtoke, ni kama hakuwahi kucheza. Shami alisema huo ni ukatili. Ntwari akacheka, akasema ndiyo kazi yenyewe.

Majira ya baridi yaliyofuata timu ilimbadilisha na mchezaji wa timu nyingine. Shami alisema hata mbuzi hubadilishwa kwa heshima zaidi, maana kwa mbuzi mtu huuliza kwanza kama anakula. Ntwari akafunga virago, akaenda Columbus, kwenye timu ya ngazi ileile.

Huko Columbus mambo yalimnyookea. Alikuwa akipiga vizuri, na mkono wake ukawa unaogopwa: wapinzani walipoona mpira umeingia mikononi mwake, walisita kukimbia. Katikati ya kiangazi cha 2015 alimpigia mama yake simu, akampa maneno mawili. La kwanza, kocha mkuu alikuwa amemwambia asiende mbali na mji na awe na sanduku tayari. La pili, bega lake la kulia lilikuwa linawaka moto kila arushapo mpira. Alikuwa akilifunga barafu chumbani kwake, si kwa daktari wa timu, kwa kuwa daktari akijua, kocha atajua, na kocha akijua, sanduku litafunguliwa. Akamwomba mama yake asimwambie mtu.

Shami alimwambia mumewe tu. Mume si mtu. Ni nusu ya mwili wake. Lakini Ngarambe naye alikuwa na kikundi cha maombi, watu waliotembea pamoja naye msituni, waliozika watoto wao pamoja naye. Hakuwahi kuwaficha jambo. Aliona kwamba kumnyima mtoto maombi ya watu hao kwa sababu ya siri ni kama kumnyima dawa. Jumatano akasimama akasema: Ntwari wetu ana bega linalomuuma, na mlango wa juu umeanza kufunguka. Wakafunga kula, wakaomba kwa machozi.

Aliyeleta wazo la safari alikuwa mzee Karaha. Huyu ndiye aliyekuwa msemaji wao katika harusi zote, kuomba mchumba na kujibu maneno ya upande wa pili, na alipenda kusema kuliko kula. Maombi yakiisha, alikohoa kama afanyavyo akitaka watu wanyamaze, akauliza ni nani aliyekwenda kumwona huyo kocha. Watu wakatazamana. Hakuna aliyekwenda.

"Bon," akasema Karaha. "Donc kijana wa watu yuko kule mwaka mzima, anajisemea mwenyewe kama yatima. Huyo mzungu ataonaje kwamba ana kwao?"

Lilikuwa neno la kweli, na lilimchoma Ngarambe. Kwao kijana haachwi ajisemee. Akitaka mke, wazee huenda. Akikosana na mkubwa, wazee huenda. Na yeye mwenyewe hukaa pembeni mpaka waitwe. Ngarambe alijilaumu kwamba alikuwa amempeleka mtoto Amerika akamsahaulisha desturi iliyomlinda baba yake na babu yake. Shami hakupenda safari hiyo. Aliuliza kama Ntwari amearifiwa. Karaha akamjibu kwa upole kwamba anayesemewa huwa haarifiwi.

Wakaenda wanaume wanne katika gari la Gaju, binti wa Ngarambe, aliyekuwa akisomea uuguzi na ambaye ndiye angewatafsiria. Walivaa suti. Kwenye mapaja ya Karaha kulikuwa na chombo cha maziwa cha mti, chenye kifuniko kilichosukwa, zawadi ya kumpa kocha. Walilala Hilliard, kando ya Columbus, kwa ndugu yao, na asubuhi wakasali, wakaenda uwanjani. Gaju alikuwa amepiga simu ofisini akaomba familia ipewe dakika chache za kumshukuru kocha, na ofisi ilikubali kwa furaha ikidhani wanataka kupiga picha.

Kocha aliwapokea katika chumba kidogo chenye dirisha linalotazama uwanja. Alikuwa mtu mnene, mpole, aliyeungua shingo kwa jua. Kwa mbali, upande wa kulia, Ntwari alikuwa akinyoosha viungo. Aligeuka, akaona suti nne dirishani, akasimama vilevile mguu mmoja mbele.

Karaha alianza na ukoo. Akapanda milima yote, akashuka, akataja ng'ombe wa babu yake Ntwari kwa rangi zao. Gaju alitafsiri kwa kifupi mno hata Karaha akamgeukia, akamwuliza mbona maneno yake marefu yanatoka mafupi upande wa pili, yameibiwa njiani? Kocha alipoona wazee wanacheka, naye akacheka. Akapokea chombo cha maziwa kwa mikono miwili, akakiweka mezani mbele yake, akasema Ntwari ni kijana mwenye adabu kuliko wote aliowahi kuwafundisha, na kwamba mambo mazuri yako karibu. Gaju alipotafsiri hilo, Ngarambe aliona macho yake mwenyewe yanalowa.

Ikabaki zamu yake. Baba wa mtoto husema mwisho, na husema machache. Ngarambe alisimama. Alisema kwamba tangu siku hiyo Ntwari ni mtoto wa kocha pia. Kisha akafanya kama alivyomwona baba yake akifanya kila alipompa mtu ng'ombe. Kwao mtu hakabidhi ng'ombe akanyamazia kilema chake. Husema: huyu ana kwato mbovu, huyu hunyima maziwa akitishwa, na anayepokea humpenda zaidi anayetoa, kwa sababu amepewa bila hila. Kunyamaza ni kutia laana ndani ya zawadi. Hivyo Ngarambe akasema kwamba mtoto ni mzima, ila bega lake la kulia linamuuma sana akirusha, na kwamba kanisa limefunga kula kwa ajili yake, na wanamwomba kocha amtunze hapo.

Gaju hakutafsiri. Alimtazama baba yake.

"Papa, na hilo niseme?"

"Sema yote," akasema Ngarambe. "Hatukuja kuficha."

Msichana akasema. Alisema polepole, akitazama sakafu. Kocha akauliza ni tangu lini. Gaju akajibu. Kocha akatikisa kichwa, akainuka, akawapa mikono mmoja mmoja, na mkono wa Ngarambe aliushika muda mrefu kuliko ya wengine. Ngarambe aliona huruma katika uso ule, akaihesabu kuwa ni agano.

Walitoka wamefurahi. Karaha alisema hajawahi kuona upande wa pili ulionyenyekea vile. Jioni walirudi kutazama mchezo, nao wakaona kwamba upande wa kulia amesimama mtu mwingine. Ntwari hakuonekana hata benchini. Ndugu wa Hilliard aliona si ajabu: mtoto amepata wageni, mkubwa wake amempa mapumziko. Wakakubaliana kwamba kocha ni muungwana. Gaju peke yake hakuigusa soda aliyonunuliwa.

Ntwari alikuja Hilliard kesho yake, mkono ukiwa umening'inizwa kwa kitambaa shingoni. Aliwasalimu wazee wote kwa mpangilio wa umri, akaketi. Akaeleza kwa sauti ya kawaida. Walimpiga picha za bega, nyama ya ndani imechanika, atapasuliwa. Asubuhi hiyo hiyo timu kuu ilipiga simu, maana mchezaji wao mmoja wa nyuma alikuwa ameumia goti, na aliyekwenda ni yule aliyesimama mahali pake jana.

Kisha akauliza, kwa adabu, macho yakiwa chini:

"Nani alimwambia?"

Gaju alifungua kinywa. Ngarambe akamtangulia.

"Mimi."

Ntwari aliinua kichwa. Kwa muda mfupi sana Ngarambe aliona usoni mwake kitu ambacho mtoto hapaswi kumwonyesha baba. Kisha kikafunikwa.

"Sawa, Papa," akasema. Akawauliza wazee kama wamekunywa chai.

Mchungaji wa kanisa lao alimfariji Ngarambe kwa miezi mingi. Alisema daktari mwenyewe ameeleza kwamba bega lile lingekatika tu, kama si wiki hiyo, wiki nyingine. Ngarambe aliitikia. Lakini yeye alijua kwamba mwanawe hakuwa akiomba miaka. Alikuwa akiomba siku moja, na siku hiyo ilikuja, ikakuta yeye baba amepita kwanza na suti yake. Alisali akiwa kwenye mkanda wa vifurushi, alisali akiendesha gari, na kila alipofika kwenye jina la Ntwari maneno yalimkwama.

Timu ya Columbus haikumhitaji tena. Mwaka 2016 timu ya Buffalo ilimchukua kumjaribu. Alikuwa bado anakimbia vizuri, bado anaudaka mpira, lakini katika simu alizungumza habari za hali ya hewa. Mwisho wa msimu, Septemba, Ngarambe aliomba ruhusa kazini, akapanda basi kwenda kumwona.

Ntwari alikuwa amepanga chumba West Side, katika nyumba ya mbao ya mama mmoja wa Bukavu aitwaye Généreuse, aliyefanya kazi katika kiwanda cha nyama na kuongoza maombi ya Ijumaa kwenye sebule yake. Alimpokea Ngarambe kwa ugali na sombe ya majani ya muhogo, akamsifu mtoto. Ila kitu kimoja kilimshangaza.

"Huyu mtoto wenu ni mpole, Papa," alisema. "Mais kila Ijumaa tunauliza nani ana ombi, na yeye anasema hana. Mtu wa kwetu, hapa, hana ombi? Nikamwambia, basi unipe raha yako nami nitakupa shida zangu tatu."

Alicheka. Ngarambe akajaribu kucheka naye.

Jioni akaenda uwanjani, akaketi nyuma upande wa kulia. Mvua nyembamba ilikuwa ikitoka ziwani na watu walikuwa wachache. Mpira ulipigwa mbali kwa kona. Ntwari alikimbia, akaudaka, na mkimbiaji wa upande wa pili, badala ya kusita, akaondoka mbio bila hata kugeuka kumtazama. Alikuwa ameshaambiwa habari za mkono ule. Ntwari aliinua mkono nusu, kisha akamtupia mpira mwenzake aliyekuja kuupokea karibu, kama mtu anayekabidhi sahani. Ngarambe aliona. Mchezo asioujua, hapo aliuelewa wote.

Baada ya mchezo Ntwari alimwambia watatembea tu kwa miguu, nyumbani si mbali. Chumbani akavua viatu, akamwambia baba yake kwamba wamemjulisha hawatamwita mwakani. Atabaki Buffalo; Mama Généreuse amemtafutia nafasi kiwandani.

Ngarambe alikuwa amebeba maneno tangu Louisville. Akaanza: "Mwanangu, siku ile ya Columbus..."

"Papa, hapana," akasema Ntwari. Alisema kwa upole kabisa. "Hamkukosea. Mlikuja kunisemea. Hakuna baba mwingine aliyekuja."

Ngarambe angependa atukanwe. Angependa mtoto apige meza, avunje kikombe, kisha wote walie na jambo liishe. Lakini alikuwa amemlea vizuri, na malezi hayo sasa yalisimama katikati yao kama ukuta usio na mlango. Mvua ilikuwa ikigonga mbao za nje. Basi lake la kurudi lilikuwa asubuhi.

"Tuombe," akasema mwishowe.

"Ombeni, Papa."

Wakapiga magoti kando ya kitanda. Ngarambe alianza kwa sauti, kwa shukrani, kama alivyoanza maisha yake yote. Akafika mahali pa kumtaja mtoto, kumweleza Bwana hali yake yote bila kuficha, na hapo akasikia pumzi ya Ntwari inasimama. Alingoja. Akatafuta ni lipi la mwanawe aliloruhusiwa bado kulisema kwa sauti, hakuliona.

Akaombea mvua ipungue. Akamwombea dereva wa basi, na mikono ya Mama Généreuse inayouma kwa baridi ya kiwanda, na nyumba ile isishike moto.

"Amina," akasema Ntwari, akainuka kumtandikia baba yake kitanda.